Mwizi wa Furu

Dodoma, Jumapili, Machi 5, 1911

Mvua tangu alfajiri. Paa linavuja pale pale, juu ya sanduku langu. Nimelisogeza sanduku, na tone nalo limehama likalifuata. Nimechoka kabla sijashika kazi.

Nitaandika humu kwa kuwa nyumbani kwangu siku hizi hakuna nafasi ya kusema. Mama wa mke wangu Dorkasi yuko nasi tangu Januari. Dorkasi alimleta juu ya punda kutoka kwao, upande wa Chamwino, baada ya kumzika baba yake. Tangu hapo nyumba yetu ya vyumba viwili imekuwa nchi mbili. Kwa watu wa mke wangu, mkwe wa kiume na mama mkwe hawaonani. Hawali pamoja, hawapeani kitu, na jina lake silitaji hata kwenye karatasi hii. Nikifika uani nakohoa ili ajifiche. Yeye akitaka kutoka anagonga ukuta ili nigeuze uso. Nimekohoa sana mwaka huu, mpaka Bwana wa reli ninayempikia kaniuliza kama nina ugonjwa wa kifua.

Sikuzaliwa na desturi hii. Kwetu sikujui. Mapadre Wafaransa wa Bagamoyo walinikomboa utumwani nikiwa mtoto, wakaniita Sostenes, wakanikabidhi kwa masista jikoni. Mama sikumjua kwa sura wala kwa jina. Kwa hiyo mama niliyempata ukubwani ni huyu wa nyuma ya ukuta, nami nimekatazwa kumtazama.

Machi 9

Mvua. Mama mkwe hakula.

Machi 10

Mvua. Hakula.

Machi 14

Dorkasi amekonda kuliko mgonjwa wake. Anaamka kupika uji wa uwele, uji unarudi kama ulivyokwenda. Mlenda, ambao kwao mtu hulelewa nao tangu kuachishwa ziwa, mama anaugusa kwa ulimi tu. Meno hana, na anasema kila kitu kina ladha ya majivu.

Leo nilimwambia Dorkasi, "Niache nimpikie mimi kitu laini. Si ndiyo kazi yangu?"

"Mkono wako haufiki kule."

"Mwambie umepika wewe."

"Mama hadanganywi kwa chakula. Mkono wangu anaujua, yeye ndiye aliyeufundisha." Kisha akasema, "Jana kaniambia afadhali afe kuliko kulishwa na mkwe. Na asipokula, Sostenes, mtama wa mwaka huu hatauona."

Mtama umefika magotini sasa. Nalisha Wazungu wawili na wageni wao kila siku ya Mungu, na chini ya paa langu mtu anakufa njaa. Wanasema mganga hajigangi, lakini haya yamezidi.

Machi 22

Bibi, mke wa Bwana, kazaliwa kule Ulaya, mpakani ambako Wadachi hawa wanaotutawala waliwanyang'anya Wafaransa nchi. Leo kaleta kopo la matunda mekundu ya Ulaya, kaniuliza kama najua kupika klafuti. Nikacheka moyoni. Nimeosha bakuli za klafuti kabla sijajua Baba Yetu! Sista wa jikoni alikuwa akiipika kila mwaka akimkumbuka mama yake. Maziwa, mayai, sukari, na unga kiasi cha kushikamanisha tu. Unamimina juu ya matunda, unaoka kwa moto wa pole, mpaka katikati itikisike kidogo ukiigusa. Si mkate, wala si uji.

Bibi alikula, akashukuru, kisha akaguna. Matunda ya kopo yametolewa kokwa, na klafuti bila kokwa haina harufu yake. Sista naye alikuwa hivyo hivyo. Ukitoa kokwa, kofi.

Machi 23

Miguu yangu imevimba kwa kusimama. Mvua.

Machi 30

Leo mama mkwe amekunywa maji tu.

Aprili 8

Furu, yale matunda ya porini, zimeiva. Jirani yetu Mwantum, mke wa Shaaban mchota maji, kaleta kikapu kizima, nyeusi, zinanata vidoleni. Dorkasi alipeleka chache ndani, nikasikia mama mkwe akicheka. Ni mara ya kwanza kumsikia. Dorkasi anasema mama yake alipokuwa msichana akichunga mbuzi, furu ndizo zilizokuwa chakula chake cha mchana, na alikuwa akigombana na nyani.

Lakini ngozi ya furu ni ngumu kwa ufizi mtupu. Kafyonza mbili akachoka. Jioni zilizobaki zimerudi kama zilivyoingia.

Aprili 16, Pasaka

Leo nina mengi ya kuandika.

Nilipika klafuti hapa kwangu. Nilijipikia mwenyewe, kwa hamu yangu, kwa kuwa furu zilikuwa zinaharibika. Tanuri sina. Nilipaka sufuria siagi aliyonipa Bibi, nikatandaza furu na kokwa zake, nikamimina, nikafunika, nikapalia makaa juu ya kifuniko na kuacha machache chini, kama Mwantum anavyooka mkate wake wa kumimina. Harufu ilifika njiani. Nilipoiepua niliiweka juu ya kinu kilichopinduliwa ipoe, nikaenda kupakua chakula cha mchana kwa Bwana. Dorkasi alikuwa kwenye sala za kanisa lao.

Niliporudi nikakohoa, nikaingia uani, nikakuta sufuria imeliwa upande mmoja.

Hasira ilinipanda kama maziwa yanavyofura. Nilikuwa nimesimama tangu usiku, na kitu kimoja nilichojipikia mwaka mzima kimeliwa na mwingine. Nikapaza sauti, "Nani kaiba chakula changu? Mwizi! Nashinda jikoni mwa watu, nikirudi kwangu naibiwa! Tumbo lako likupasuke!" Mwantum akachungulia juu ya ua. Nikamwambia mbwa wa mtaa huu wote wana laana.

Kisha nikaziona kokwa. Zilikuwa kando ya kinu, juu ya jani, zimeoshwa na kupangwa mstari. Mbwa haoshi kokwa.

Dorkasi akaingia, akatazama sufuria, akatazama jani, akaziba mdomo kwa kanga. Nilidhani analia, kumbe anacheka. Akanivuta mpaka pembe ya mbali ya ua na kuninong'oneza, "Endelea."

"Niendelee na nini?"

"Kelele. Ukinyamaza utakuwa umempa, na mkwe hampi mkwe. Mwizi hapewi. Anachukua mwenyewe, wala haulizi ndani mna nini."

Ndipo nikakumbuka. Kwa mama huyu mwanamke mzima hali mayai. Maziwa hayapiti motoni, ng'ombe atakauka. Chakula cha mkono wa mkwe ni aibu. Nilikuwa nimeyachanganya yote matatu katika sufuria moja na kuyatia sukari.

Nikarudi penye kinu nikapiga kelele upya. Kumtukana mtu usiyemkasirikia ni kazi nzito kuliko kupika. Tumbo sikulitaja tena.

Aprili 18

Nimepika. Nimeibiwa. Nimetukana.

Aprili 20

Mvua kubwa. Nimeibiwa nusu nzima.

Aprili 25

Baada ya jiko la Wazungu, jiko la mwizi. Nalala nikinuka siagi. Mayai nanunua kwa Mwantum, ambaye anashangaa mtu gani huyu anayeibiwa kila siku na bado anapika.

Mama mkwe leo kafika mlangoni kwa miguu yake. Dorkasi kamkuta amekaa kizingitini anatazama mtama wa jirani. Matusi yangu yamekwisha, nimeanza kuyarudia. Na jioni Dorkasi kaniletea maneno. Mama kasema, "Huko mtaani kuna mtu anaibiwaibiwa. Ukimwona mwambie mwizi wake hapendi sukari nyingi."

Kwa Bwana hakuna aliyewahi kuniambia sukari imezidi. Nikapunguza.

Mei 3

Naandika nimelala kifudifudi.

Asubuhi Mwantum aliingia bila hodi. "Sostenes, mume wangu kachukuliwa."

Askari walisikia kwamba mtaa wetu una mwizi. Mtu anayeingia uani kwa watu kila asubuhi ni mmoja tu, Shaaban na madebe yake ya maji. Wakampeleka kwa akida. Mwizi hukumu yake inajulikana hapa, hamsa ishirini, yaani viboko ishirini na tano, na Shaaban mgongo wake umekwisha haribiwa na mzega, ule mti wa kubebea madebe.

"Sikumtaja Shaaban," nikasema.

"Hukumtaja mtu. Ndiyo maana wamemshika waliyemtaka." Alikuwa hapigi kelele, na hilo lilinitisha zaidi. "Mimi nakuuzia mayai ya kupikia hicho kinachoibwa, nawe unampeleka mume wangu akapigwe. Nifanye nini nawe?"

Nilitoka bila kumwambia Bibi kwamba sitapika. Njiani nikawa nageuza maneno. Nikisema kweli, Shaaban atapona. Lakini nitakuwa nimesimama barazani, mbele ya wanaume, nikamwita mama mkwe wangu mwizi, au nikasema alikula mkononi mwangu. Lolote kati ya hayo lingemfikia kabla ya jioni, naye angefunga mdomo na asiufungue tena. Dorkasi aliniambia nilipokuwa natoka, "Mwokoe Shaaban. Na mama yangu usimuue." Akarudi ndani. Nilimwonea huruma kwa kulazimika kusema hivyo.

Shaaban alikuwa amechuchumaa juani. Nikapiga magoti mbele ya akida.

"Umeibiwa au hukuibiwa?"

"Sikuibiwa, Bwana Akida. Nalewa. Nakula chakula changu mwenyewe usiku, asubuhi sikumbuki, napiga kelele."

Baraza zima likacheka. Askari mmoja akajifuta machozi. Akida hakucheka.

"Mpishi wa Mzungu unakunywa pombe ya mtama mpaka unajiibia?"

"Ndiyo, Bwana."

"Shaaban, nenda zako. Huyu mpigeni kumi kwa kuisumbua serikali. Na nikisikia tena kelele za mwizi kutoka uani kwako, utakuja kuchukua kumi na tano zilizobaki."

Sitaandika habari za kiboko. Aliyepigwa anajua, na asiyepigwa Mungu amwepushie. Shaaban ndiye aliyeniinua. Tulipokaribia nyumbani akasema, "Ndugu yangu, wewe hulewi."

"Silewi."

"Basi," akasema, hakuuliza tena.

Uani nikakohoa, na kukohoa kuliniuma mgongo wote. Dorkasi amenipaka samli. Nyuma ya ukuta, najua mama mkwe alikuwa macho.

Mei 4

Bibi kakasirika. Kapika mayai mwenyewe, kaunguza.

Mei 6

Nimepika, nimesimama kwa shida. Niliporudi jioni sufuria haijaguswa. Kelele sikupiga, naziogopa zile kumi na tano.

Mei 7

Haijaguswa. Dorkasi hataki kunitazama. Mwishowe kasema, "Tangu upigwe hujalalamika. Kwa hiyo unachoweka sasa ni zawadi, na zawadi yako haili."

Nikamwambia mgongo wangu si ngoma. Akasema anajua. Tukalala kila mmoja akiwa ameelekea kwake.

Mei 8

Nimepata njia, au nimepata wazimu.

Niliweka sufuria juu ya kinu, nikausogelea ukuta wa chumba chake mpaka shavu likagusa udongo. Nikatukana kwa sauti ya mtu anayeungama. "Nani kaiba chakula changu? Mwizi wewe. Jana umeniibia, juzi umeniibia, na leo utaniibia tena, nakujua." Nilijiona mjinga. Mtu mzima, mgongo una vidonda, ananong'oneza ukuta.

Ukuta ukagongwa.

Nikageuka upesi, nikatazama ua. Nikasikia mlango, kisha miguu ikiburuzwa polepole, kisha kijiko kikigusa sufuria. Alikuwa nyuma yangu, karibu kiasi cha kusikia anavyopumua. Alikula taratibu. Kokwa alizitema moja moja kwenye jani. Mimi nilisimama nikitazama miti ya ua kana kwamba sijapata kuiona. Miguu ikarudi, mlango ukafungwa.

Nililia, nikajifanya ni moshi.

Mei 14

Mvua zimekwisha. Asubuhi kuna baridi na upepo wa vumbi unaanza. Mtama unashika masuke.

Sasa ni hivyo kila jioni. Nanong'ona ukutani, anagonga, nageuka, anakula. Matusi yameniishia kabisa, kwa hiyo nikishaita mwizi mara moja nasimulia. Nimesimulia Bagamoyo, makofi ya Sista, na jinsi nilivyokuwa nikijaribu kuikumbuka sauti ya mama yangu nikawa naitunga tu. Naongea na ua. Yeye hajibu, kwa kuwa hatusemeshani. Lakini nikinyamaza, kijiko nacho kinanyamaza.

Nampenda mama huyu. Naandika hapa kwa kuwa hakuna mahali pengine pa kulisema neno hilo.

Mei 16

Bwana ana wageni saba. Miguu yangu tena.

Mei 27

Furu zinaisha. Mwantum amezifuata mbali, kupita Miyuji, kapata gao moja tu, ujazo wa kiganja. Hakutaka chochote. "Mpelekee mwizi wako," akasema. Nadhani alikwisha jua zamani.

Zamani nilikuwa nakohoa mimi. Sasa anayekohoa ni mama mkwe, usiku kucha, kikohozi kikavu cha upepo huu. Akitoka anashika ukuta.

Mei 30

Hakutoka. Dorkasi alimpelekea kikombe cha maji.

Juni 1

Alitoka. Kijiko kimoja. Kokwa moja.

Juni 2

Upepo. Hakutoka.

Juni 4, Pentekoste

Nilipika furu za mwisho. Zilikuwa zimesinyaa, nikazilowesha kwanza. Ilitoka vizuri kuliko zote, imeiva pembeni na laini katikati, na sijui kwa nini naandika hivyo ila kwamba ni kweli.

Niliiweka juu ya kinu, nikanong'ona ukutani, nikangoja. Ukuta haukugongwa. Nikageuka hata hivyo, nikatazama ua mpaka jua likashuka. Nilipogeuka tena sufuria ilikuwa nzima, juu yake vumbi jembamba. Nikaishika mikononi. Ningemwita nani mwizi, na chakula hiki hapa hakijapungua?

Ndipo nikasikia sauti. Haikuwa ya Dorkasi. Ilikuwa sauti ya mtu mzima, kavu, ya taratibu, na ilitoka moja kwa moja ukutani kuja kwangu.

"Mkwe."

Sikuthubutu kuitika. Hajapata kunisemesha tangu nimwoe binti yake.

"Mkwe, mbona leo hupigi kelele?"

Kumi na tano zilizobaki nilizikumbuka, nikaziacha zipite. Nikainua sauti yote niliyonayo, si ya ukutani, ile ya Pasaka. "Nani kaiba chakula changu? Mwizi! Kanimalizia! Hakuniachia hata kokwa!" Sufuria iko mikononi mwangu, imejaa, nzito. "Nitakula nini mimi? Mwizi, umenimaliza!"

Mwantum akatoka. Shaaban alikuwa anapita na mzega wake. Akatutazama, mimi na sufuria, akatua madebe chini polepole ili maji yasimwagike. Kisha naye akapaza sauti mtaa mzima usikie, "Mwizi! Kapita huku! Namwona, ana mbio huyo, hashikiki!"

Ndani mama mkwe akacheka. Kicheko kile kile cha siku ya furu, kifupi zaidi.

Dorkasi akaja kuchukua sufuria mikononi mwangu. Anasema mama alionja kwa ncha ya kidole, akaomba kokwa moja, akaiweka shavuni, akalala. Hakuamka.

Juni 6

Tumemzika. Niliruhusiwa kushika upande wa miguu. Uso ulikuwa umefunikwa. Watu wa kwao wameleta suke la mtama mpya, Dorkasi ameliweka juu ya kaburi.

Akida hakuita mtu. Bibi kauliza kama kesho nitakuja kazini, nikasema nitakuja.

Jioni nilipofika uani nilikohoa. Nikasimama kidogo, kama kawaida, kumpa nafasi ya kuingia ndani.